Ziara ya Tatu Kilimani

Ripoti ilitakiwa Ijumaa, na siku hiyo ilikuwa Jumatano. Nyaguthii, mtaalamu wa mimea aliyetumwa kukagua kilima kimoja nje ya Kulamawe, alikuwa amehesabu vichaka mia mbili na kumi na vinne vya aina moja ambayo hakuweza kuitaja jina. Mkandarasi wa barabara alitaka kuchimba changarawe pale. Tingatinga lake lilikuwa limeegeshwa chini ya kilima tangu Jumatatu.

Kichaka chenyewe hakikufika magotini. Majani yake yalikuwa ya kijivu, na vinyweleo vyake vilionekana kama nyota chini ya lensi. Hiyo ilitosha kuonyesha kwamba ni cha jamii ya bamia. Lakini katika jamii hiyo kuna mimea mingi inayofanana kwa majani, na mmojawapo, ulioorodheshwa kuwa adimu, ulikuwa umechumwa eneo hili mara moja tu, miaka arobaini iliyopita. Kuitofautisha kunahitaji ua. Alikuwa amekuja asubuhi mara mbili, na leo tena, akakuta matumba yaliyofumba. Bila ua angeandika "haukutambuliwa", na kilima kingechimbwa.

Saa tano na nusu Ephantus, dereva, alifungua mlango wa gari.

"Madam, twende. Mimi nimeanza kazi saa kumi na moja, na hii mimea yako bado imelala."

Mwanamke mmoja alikuwa akipita na punda aliyebeba madumu ya maji. Akasimama.

"Salaam aleikum. Ni nyinyi mnahesabu miti ya mbuzi wangu?"

"Aleikum salaam, mama. Ndio sisi. Ninatafuta maua yake."

"Saa hii?" Mama huyo, aliyeitwa Sabdio, alimtazama Ephantus kama kwamba kosa ni lake. "Watu wa ofisi wanakuja asubuhi, jua ikiwa kali wanakimbia. Hii inafungua saa kumi."

"Umejuaje?"

"Asubuhi mbuzi wanaipita tu. Jioni wakirudi, siwezi kuwatoa hapa. Wanakula maua."

Nyaguthii aliyapima maneno hayo. Huenda mama alikuwa akizungumzia mmea mwingine. Lakini alikuwa ametaja saa, na saa inaweza kuthibitishwa. Alimwambia Ephantus azime gari.

Saa kumi ilifika bila badiliko lolote. Saa kumi na dakika kumi na nane, tumba moja lililegea upande. Baada ya dakika tano ua lilikuwa wazi: petali tano za manjano, kitovu cha zambarau iliyokolea, chavua juu ya mnara mmoja katikati. Alilipindua. Chini hapakuwa na ule mzunguko wa pili wa vijani vyembamba ambao jamaa zake wa kawaida huwa nao. Akalinganisha na mchoro wa ule mmea adimu, mara mbili.

"Ndio wenyewe," alisema.

Kengele za mbuzi zilisikika kutoka kwenye laga, ule mto mkavu. Sabdio alitokea na kundi lake, akaona maua yaliyojaa kilimani, akaona kamera, akanyoosha fimbo mbele ya mbuzi.

"Piga picha haraka. Hawa hawajui ofisi."

Alipomaliza, Nyaguthii alimweleza kwamba changarawe itatafutwa kwingine. Sabdio hakutabasamu.

"Basi mtaweka waya."

"Waya wa nini?"

"Kitu ikiwa ya maana, serikali inaweka waya. Na kiangazi mbuzi wangu wanaishi na hii."

Nyaguthii alifungua daftari. Mbuzi walikuwa wakilishwa hapa miaka mingi, na bado vichaka vilikuwa mia mbili na kumi na vinne, vichanga na vikubwa. Hesabu hiyo ilikuwa yake mwenyewe. Akaandika, huku akisoma kwa sauti: "Uchimbaji usiruhusiwe. Malisho yaendelee kama kawaida. Uzio hauhitajiki."

"Soma ile ya mwisho tena."

Akaisoma. Sabdio alishusha fimbo, na mbuzi wakapanda kilima.

"Kumbe hii mimea yako inafanya kazi ya jioni," Ephantus alisema, akawasha gari.