Shahidi Mwenye Pembe

Jaydeep alikunja midomo akapiga mluzi tena, mashavu yamevimba kama maandazi. Ng'ombe wangu Kimberly akaendelea kutafuna.

"Mama, hii ng'ombe yako ni kiziwi," akasema, akijipangusa mate.

"Labda. Lakini asubuhi alinisikia nikifungua gunia la pumba."

Msichana Ekta akainamisha uso asicheke mbele ya mtu mzima. Yeye ndiye aliyemleta Jaydeep pale nyuma ya nyumba. Na alipokuja mara ya kwanza, nusura nimfungulie mbwa.

Ilikuwa Machi 2008, baada ya zile vurugu za uchaguzi. Januari tulikuwa tumeteremka kutoka Kuresoi, mimi na Kimberly, tukajibanza kwa shemeji yangu pembeni mwa mji wa Nakuru. Siku hizo mtu akikuuliza jina, unaangalia mikono yake kwanza. Jina tu lilitosha kukuchomea nyumba. Sasa huyu anabisha hodi na kalamu, anatafuta majina!

Eti anaandika historia ya gemu za kompyuta. Gemu, na mahindi yetu yamegeuka majivu! Akasema iko moja ya kuchunga ng'ombe, Jaydeep aliitengeneza zamani dukani kwake mjini. Mwishoni yanapanda majina ya walioifanyia kazi, na kwenye mluzi wa kuita ng'ombe Jaydeep amejiandika mwenyewe. Lakini fundi wake wa zamani anasema mluzi ni wa mzee fulani wa Kuresoi aliyekuwa akiwaletea maziwa. Jina hakulijua, alijua tu mjane wake amehamia hapa.

Nikamjua mara moja. Ni Kibii, marehemu mume wangu. Kumbe ni kweli! Jioni moja alirudi akijisifu kwamba amepiga mluzi ndani ya mashine, nami nikamwambia apunguze pombe ya busaa.

Sikumwonyesha Ekta kitu. Nikasema, "Aliyepiga ni Kimberly."

Nilitaka nione. Akiandika hilo, basi huyo ni wa kuandika chochote, na jina la Kibii halipati ng'o. Kalamu haikushuka.

"Naweza kuongea naye?"

"Yuko nyuma, anakula."

Alipomwona Kimberly alicheka mpaka akashika ukuta. Kisha akatulia, akaniuliza kama kwetu kila mchungaji ana mluzi wake. Nikamwambia ndiyo, na ng'ombe akishauzoea, wa mtu mwingine ni upepo tu.

"Basi nitamleta Jaydeep," akasema.

Ndivyo tulivyofika pale. Jaydeep alipoishiwa pumzi, Ekta akaweka kompyuta yake juu ya ndoo iliyopinduliwa, akabonyeza.

Mluzi wa ile gemu ukatoka, mrefu, ukipinda mwishoni, na ule upepo wa pengo la jino la mbele. Sikuwa nimeusikia tangu tumzike. Kimberly akaacha kutafuna. Akaja mbio, shingo mbele, nusura aiangushe ile kompyuta.

Jaydeep akatazama viatu vyake. "Nilisahau, Mama. Ni yule mzee wa maziwa, kweli."

"Ng'ombe hakusahau."

Ekta akatoa kalamu. "Jina lake, Mama?"

Nikaangalia mikono yake, mazoea tu. Ilikuwa na pumba za Kimberly.

"Kibii arap Chumo," nikasema. "Wa Kuresoi. Sasa nisomee."

Akanisomea. Kimberly alikuwa amezunguka nyuma ya ndoo, anachungulia mtu wake amejificha wapi.