Sauti ya Anti Araba

Anti Araba alinigongea mlango saa sita mchana, simu mkononi, amevaa viatu vya ndani.

"Wewe ndiye unayepiga kelele za mashairi bafuni?"

"Si kelele, Anti. Ni mashairi."

"Basi njoo unisomee."

Alikuwa jirani yangu wa ghorofa ya juu, hapa Kilburn, London. Kwao Ghana alicheza filamu zaidi ya themanini, karibu zote kama mama mkwe katili, hata wauza nyanya wa Accra wakawa wanakataa kumuuzia. London hakuna aliyemjua. Kwa miaka tisa alijulikana kama mama yake nesi fulani, basi. Sasa kampuni moja ilitafuta mwigizaji wa kuwa bibi katika filamu. Kila anayetaka nafasi ajirekodi mwenyewe na kutuma video kabla ya saa nane. Binti yake, huyo nesi, ambaye angemsomea maneno ya mjukuu, alikuwa ameitwa kazini ghafla.

Mimi nilimjua kabla hajanijua. Kule Mbeya, kwenye kibanda cha video cha mtaani kwetu, kila Jumamosi sura yake ilijaa kwenye skrini. Nikamwambia hivyo kwa majivuno: London nzima hakuna anayemjua kuliko mimi, Lusajo.

Tuliegemeza simu kwenye kopo la maziwa, yeye akakaa dirishani. Nikasoma mstari wa mjukuu. Alipofungua kinywa, nami nikafungua changu, nikawa nayasema maneno yake yote kwa Kiswahili, kwa sauti nzito, nyuma yake kidogo tu.

Akazima simu. "Unafanya nini?"

Ilinibidi nieleze. Kibandani kwetu filamu za nje hazikusikika zenyewe. Mtafsiri mmoja alizungumza juu ya sauti za wote: wanawake, watoto, mpaka mbwa. Mdomo wangu ulizoea hivyo. Uso ule ukionekana, lazima mtu aseme.

"Kwa hiyo Tanzania mimi ni mwanaume?"

"Tena mwenye kikohozi, Anti."

Alicheka mpaka akajifuta macho kwa ncha ya kilemba.

Mara ya pili nilisoma kwa moto wangu wote. Akanikatiza tena.

"Mjukuu amekuja kumwambia bibi kwamba nyumba yake imeuzwa. Ana aibu. Wewe unasoma kama unagombea ubunge!"

Hapo nilikasirika. Ushairi sikufundishwa na mtu, na hakuna aliyewahi kuniambia nipunguze sauti. Nikaweka karatasi mezani, nikaenda mlangoni.

"Lusajo." Aliita polepole. "Miaka thelathini nimefoka kwa sababu waongozaji walitaka nifoke. Leo ndiyo mara ya kwanza napewa mwanamke anayenyamaza. Peke yangu sitaweza."

Ilikuwa saa saba na nusu. Nikarudi, nikachukua karatasi.

Nilisoma kwa sauti ya chini, kama mtu aliyevunja chungu cha mama yake. "Nyumba imeuzwa, Bibi." Kisha nikauma kola ya shati langu ili mdomo usinitoroke.

Anti aliangalia mikono yake, halafu akanitazama.

"Umekula?"

Sauti ilikuwa ndogo, yenye mkwaruzo kidogo mwishoni. Miaka yote ile sikuwahi kuisikia. Ilinishika hata nikasahau mstari unaofuata. Tukabaki tunatazamana, simu inarekodi, machozi yakamtoka na bado hakusema neno.

"Turudie," nikasema. "Nimeharibu."

"Usiguse hiyo simu."

Akaituma ile video kama ilivyo, zikiwa zimebaki dakika sita.

Alhamisi ya wiki iliyofuata aligonga mlango wangu kwa mguu, maana mikono ilibeba sufuria ya wali mwekundu wa kwao. Walikuwa wamemchukua.

"Wamemuulizia na kijana aliyekuwa ananisomea. Wanasema anajua kunyamaza."

"Anti, nilisahau mstari tu."

"Najua," akasema, akinisukumia sufuria. "Kula."