Nyoka Kwenye Glavu ya Hruska

Jumapili, tarehe 6 Septemba 1953. Asubuhi hiyo ukungu ulishuka juu ya mto wa Harlan Ferry hata mnara wa kanisa haukuonekana. Ibada ilipokwisha, jua lilikuwa limekausha kila kitu mjini isipokuwa viatu vya Lowell Hruska. Alikuwa amepitia uwanja wa besiboli kwanza, kukagua ardhi ya besi ya pili kama mkulima anavyokagua shamba lake.

Lowell alikuwa na miaka thelathini na minane. Kwa miaka kumi na sita alilipwa kuilinda besi ya pili, moja ya vituo vinne ambavyo mkimbiaji huvizunguka ili apate bao, katika timu tisa za miji midogo ambayo treni husimama ikijisikia. Mara moja tu, mwaka wa arobaini na sita, aliitwa ligi kuu. Akakaa siku kumi na moja, akala vizuri, akarudishwa.

Kanisani aliomba kwa kunong'ona: "Bwana, mwaka mmoja tu uwanjani. Maumivu ya magoti nitayabeba mwenyewe." Mkewe, Verna, aliyepiga magoti kando yake, akamsikia, kisha akaomba lake kimyakimya. Lowell hakuuliza ni lipi. Shemeji yake kule Dayton alikuwa na duka la misumari na rangi, na nafasi nyuma ya kaunta ilikuwa ikimsubiri.

Ilikuwa mechi ya mwisho ya msimu, dhidi ya timu ya Odell. Kocha wake, mzee Perrine, hakumficha kitu.

"Hruska, kesho napeleka majina ya mwakani. Kuna kijana wa miaka ishirini na mbili anaitaka besi yako. Nionyeshe leo kwamba bado unakimbia, la sivyo nenda kauze misumari."

"Nakimbia, kocha."

"Juzi bibi kizee mwenye vikapu viwili alikupita barabarani. Nilikuwepo."

Siku hizo mchezaji hakurudi na glavu yake benchi. Zamu ya kulinda ikiisha, uliitupa nyasini nyuma ya mahali pako, ukaenda kupiga. Mpinzani wako akaja kusimama papo hapo, glavu yako ikiwa imelala nyuma yake kama paka. Na ligi nzima ilijua kwamba Lowell, asiyeogopa mpira wala mkimbiaji mwenye viatu vya meno, aliogopa kila kitambaacho.

Orville Tackett, mlinzi wa besi ya pili wa Odell, alijua kuliko wote. Msimu huo alikuwa amekwisha kumtilia minyoo, panzi na konokono kwenye glavu. Sasa ilikuwa zamu ya tisa, ya mwisho, mabao mawili kwa mawili, na wenzake Lowell wawili walikuwa wamekwisha kutolewa; wa tatu akitolewa, zamu imekwisha. Tackett alikuwa na hakika kwamba mchezo utaongezwa zamu ya kumi. Akachomoa mfukoni nyoka wa bustani, mwembamba, asiye na sumu, akamsokomeza kwenye glavu ya Lowell. Lowell hakuona kitu. Alikuwa ameinama akichagua gongo.

Alipotoka kwenda kupiga, Tackett akamwita, "Babu, uji wako unapoa."

"Niwekee pembeni. Napitia huko sasa hivi."

Mpira wa kwanza ulilikosa gongo lake. Wa pili ulipata ncha tu, ukatambaa chini kwa aibu, ukapita katikati ya miguu ya Tackett, ukadunda mara mbili, ukaingia kwenye glavu ya Lowell mwenyewe na kutulia humo.

Tackett akaifikia glavu kwa hatua tatu, akanyoosha mkono, akaurudisha.

"Chukua," mrushaji mpira wa Odell akafoka.

"Chukua wewe."

"Nyoka ni wako, Orville."

"Niliyemtia hakuwa na hasira. Huyu amepigwa mpira kichwani."

Mlinzi wao wa nyuma akaja mbio, akachungulia, akakumbuka ana mke. Tackett akamlilia mwamuzi asimamishe mchezo. Mwamuzi alikuwa na basi la kuwahi. "Glavu iliyo uwanjani ni sawa na nyasi," akasema. "Chezeni."

Lowell alifika besi ya kwanza akishangaa. Alipoizunguka ya pili akaona watu watatu wanabishana juu ya glavu yake. Akataka kuuliza kuna nini, pumzi ikakataa. Kufikia ya tatu, magoti yalikuwa yanamdai kila neno la sala yake. Ndipo Tackett akaipiga glavu teke, mpira ukatoka, akautupa kuelekea besi ya nne, iitwayo nyumbani. Lowell akaanguka juu ya besi ya nyumbani kama gunia la viazi, na mpira ukafika akiwa ameshatulia.

Mabao matatu kwa mawili. Mchezo umekwisha.

Perrine akamsimamia kichwani. "Sijapata kuona mtu akikimbia taratibu hivyo na akafika. Mwaka mmoja, Hruska. Naliandika jina lako."

"Subiri kwanza, kocha." Verna alikuwa ameshuka kutoka vitini, kofia ya kanisani kichwani. Akamtazama mumewe pale mavumbini. "Mwaka jana uliniahidi jikoni kwamba huu ndio wa mwisho. Mwaka juzi vilevile, jikoni. Jikoni kwangu hakuna shahidi ila birika."

Akawatazama wachezaji, mwamuzi na Tackett aliyekuwa akikagua mifuko yake kwa wasiwasi, asijue nyoka amekwenda wapi. "Sema hapa. Tena kwa sauti, yule Tackett yuko mbali."

Lowell akatambua kwamba Mungu alikuwa amesikia sala mbili asubuhi ile. Kusimama kulimshinda, basi akapiga magoti, akavua kofia.

"Mbele ya Mungu, na mbele yenu nyote," akasema, "nitacheza mwakani, mwaka mmoja. Msimu ukiisha, Verna, tutakwenda Dayton. Hata ligi kuu ikiniita, nitauza misumari."