Watu wa Usingizi wa Nanyori

Mwaka ambao wanaume wa mlimani walipelekwa Arusha kubeba mawe kwenye boma la Mjerumani, Nanyori alipalilia migomba peke yake. Mchana alikula ndizi za kuchemsha na maziwa mgando, na saa saba akajilaza kwenye majani makavu kando ya mfereji. Alipopata usingizi, watu wa ndotoni mwake walitoka kuzibua mfereji, kwa sababu ilikuwa zamu yao.

Walikuwa kaya saba. Walijua kwamba wao ni ndoto na hawakuona aibu. Mkuu wao, Resiato, alikuwa mzee kuliko Nanyori, kwa hiyo alimwita binti.

"Binti, jana uliamka ghafla," alimwambia. "Ulituacha na ng'ombe hatujamaliza kumkamua."

"Nzi aliniingia puani, mama."

"Basi ulale umejifunika. Una watu wanaokutegemea."

Nanyori alikuwa na shida kubwa kuliko nzi. Kesho yake mpimaji ardhi wa serikali angepita. Shamba atakalolikuta bila watu lingeandikwa nchi tupu na kupewa mlowezi. Mume wake, Kaanaeli, alikuwa bomani na jiwe begani, pamoja na wanaume wote wa mteremko ule. Mwanamke peke yake hakuhesabiwa.

"Kesho nitalala mapema," alisema. "Jitokezeni nyote. Mkiulizwa, semeni ninyi ni ndugu za Kaanaeli."

Resiato alisonya. "Ndugu za Kaanaeli! Yule anayeomba ruhusa hata ya kupiga chafya?"

"Mama, ni shamba langu."

"Tutakuja," alisema Resiato. "Na tutavaa vizuri."

Walikuja. Saa nne asubuhi Nanyori alikuwa amelala fofofo, kaniki usoni, na watu sitini na wawili walikuwa wamejaa shambani: wazee waliovaa ngozi zilizopakwa mafuta, wanawake na majembe yao, watoto, na ng'ombe walionona. Jirani yake, Anyesi, alipita na mzigo wa majani kichwani, akawaamkia, akasema mwaka huu Nanyori ameota watu wanene.

Mpimaji alifika na mnyororo wake wa kupimia, pamoja na karani Solomoni, mtu wa Tanga. Resiato aliwapokea kwa desturi. Alikata jani la sale kwenye mpaka wa shamba, akalishika kwa mikono miwili, maana yake karibuni kwa amani. Hapo ndipo alipokosea. Kwao, aliyeshika sale hasemi uongo, na Solomoni alifungua daftari kabla Resiato hajaliweka jani chini.

"Ninyi ni watu wa nani?"

Resiato alilitazama lile jani.

"Sisi ni watu wa ndoto ya Nanyori. Yule pale. Punguza sauti, usimwamshe."

"Ndoto," Solomoni alirudia, kalamu mkononi. "Jumbe wenu nani?"

"Hatuna jumbe. Hakuna aliyewahi kutubebesha jiwe."

"Mnaishi hapa siku zote?"

"Akilala tu. Lakini akilala, tunaishi kuliko wewe."

Solomoni alimtafsiria mpimaji. Mpimaji aliuliza kama kuna kifungu cha sheria kinachohusu watu wa namna hiyo. Solomoni alisema hakuna. Akaambiwa aandike, akaandika: Nchi tupu. Hakuna watu. Ng'ombe wawili ilibidi wasogezwe ili mnyororo upite.

Nanyori aliyasikia yote usingizini. "Mama, neno moja tu lingetosha."

"Lilikuwa la uongo. Unataka watu wako wawe waongo?"

Nanyori aliwatazama. Walikuwa wamesimama mbele ya mzungu na hakuna hata mmoja aliyeinamisha macho. Siku askari walipokuja kumchukua Kaanaeli, Kaanaeli aliinamisha. Nanyori mwenyewe pia.

"Hapana," alisema. "Sitaki."

Aliamka, akalia kidogo, akaanza kuchimba magimbi yake kabla uzio haujajengwa.

Mlowezi alikuja kabla ya masika, akang'oa migomba, akapanda kahawa. Nanyori alihamia kwa Anyesi, upande wa pili wa uzio. Kaanaeli aliporudi, bega limechubuka, alipewa kazi ya kupalilia kahawa katika shamba lililokuwa lake.

Nanyori hakuacha kulala mchana. Siku moja mlowezi alikuwa ameketi barazani alipoona watu sitini na wawili na ng'ombe wao wakikatiza kahawa kwenda mferejini. Alimwita Solomoni kutoka bomani, naye akafika na daftari siku nyingine walipokuwa wakipita.

"Ni nani hao?"

Solomoni alitafuta ukurasa. "Hakuna watu, bwana."

Mlowezi alisoma mwenyewe, akarudisha daftari, akavuta kiti nyuma ili ng'ombe wapite.

Kaanaeli alikuwa kwenye mstari wa nne, ameinamia jembe. Resiato alipomfikia alisimama.

"Mkwe, nyoosha mgongo. Tunapita."

Kaanaeli akanyoosha. Alisimama hivyo mpaka wa mwisho wao alipopita, mtoto aliyeburuta fimbo. Kisha mnyapara akageuka, na Kaanaeli akainama tena.