Droo ya Vifungo

Fundi alikuwa anabandika mfuko wa nyuma wa kaptura ya shule wakati watu wake walipoanza kutoka kwenye simu. Simu ilikuwa mezani, imeegemezwa kwenye kopo la chaki, na watu walitokea kwenye lile tundu la chaja, mmoja mmoja kwa sababu tundu ni jembamba, kila mtu na godoro lake kichwani. Warefu kati yao walikuwa sawa na kijiti cha kiberiti. Fundi aliumalizia mshono, akakata uzi kwa meno, kisha akausogeza mkasi kando wasije wakajikata.

Mpiga pasi, ambaye meza yake ilikuwa upande wa dirishani, aliisimamisha pasi wima akatazama.

"Hao wote wako?"

"Wangu. Nilikuwa na mji."

"Si asubuhi tu ulikuwa unanitambia huo mji?"

"Asubuhi nilikuwa nao."

"Haya. Waambie wasipite kwenye mashati yangu meupe, wana vumbi."

Ni huyo mpiga pasi aliyemwekea mchezo ule kwenye simu, wa kupitishia saa ambazo wateja hawaji. Unapewa kiwanja kitupu, unalima, unajenga ukuta, unaweka askari, na polepole kinakuwa mji. Wengine huko mtandaoni wanajenga miji yao pembeni yako, na mwenye nguvu humla mnyonge. Kwa hiyo mgeni hutafuta mwalimu, mtu mzoefu wa kumshika mkono. Fundi alimpata mmoja aliyejiita Ngao. Ngao alikuwa na maneno mazuri na subira. Alimfundisha kuweka akiba ya nafaka, akamfundisha kupanga wapiga mishale, na habari ya ukuta ilipofika akamwandikia: *Upande wa mashariki usijichoshe. Huko niko mimi.* Fundi hakujichosha. Basi mchana ule, jua likiwa kali, jeshi la Ngao liliingilia huko huko mashariki, kwa kuwa mchezo ule humpandisha cheo mwalimu anayemmeza mwanafunzi wake.

Fundi alivimimina vifungo vyote kwenye bati la biskuti, akaipangusa droo kwa kitambaa chenye unyevu, akaiacha ikauke, kisha akawatandikia mabaki ya flana. Maji aliwawekea kwenye subana, ile kofia ya chuma anayovaa kidoleni akishona kwa mkono. Chakula kilikuwa punje za wali aliobakiza, punje moja kaya moja. Walikuwa watu wa adabu, wasio na makelele, isipokuwa mlinzi wa geti. Huyo alikuwa mwanamke mfupi hata kwa kimo cha kwao, aliyetoka na mkuki wake mkononi na mdomo wake mzima.

"Droo unaivuta kama unang'oa jino," alimwambia Fundi. "Taratibu. Humu kuna wagonjwa."

"Nisamehe, mama."

"Kusamehe nimesamehe. Taratibu."

Shida haikuwa malazi. Shida ilikuwa kuchujuka. Wiki haikuisha kabla Fundi hajaona kwamba rangi zao zinatoka, kama kitambaa kibaya kilicholowekwa kwenye sabuni kali. Watoto ndio walioanza. Ukimweka mmoja kwenye kiganja uliona mistari ya mkono kupitia mgongo wake. Mlinzi wa geti alieleza bila kulia wala kupamba: mtu wa kule hawezi kukaa nje siku zote. Msimu wa mchezo ukiisha, ramani yote inafutwa na kuchorwa upya, na ambaye hatakuwa ndani ya mji wake saa hiyo, basi.

"Basi vipi?" aliuliza Fundi.

"Basi ndiyo hivyo. Utabaki na droo yako."

Mchezo ulikuwa umempa Fundi kibanda kingine huko magharibi, na wakulima wachache aanze upya. Aliwauliza kama wangependa kuhamia huko. Walikaa kikao usiku kucha, asubuhi mlinzi akaleta jibu. "Hapo si kwetu. Kwetu kuna kisima tulichokichimba wenyewe."

Fundi alikuwa mtu wa kufumua na kushona tena. Aliwahi kufumua gauni la harusi likiwa limebaki pindo tu, kwa sababu bega moja lilikuwa limepanda. Alifuta miwani, akaanza kutafuta mwalimu mwingine.

Aliyemfundisha yeye ushonaji, zamani, alikuwa na desturi moja. Hakukata kitambaa cha mwanafunzi kabla hajakata cha kwake, mbele ya macho yake, akakiweka mezani kikaguliwe. Fundi aliamua kuwapima walimu wa mtandaoni kwa kipimo hicho. Na kila mmoja, kabla salamu hazijapoa, Fundi alimwuliza swali lile lile: ukishindwa, watu wako wanakwenda wapi?

Aliyejiita Mfalme alijibu kwamba yeye hajawahi kushindwa. Fundi alimwondoa.

Aliyejiita Kocha alijibu: *Wanafutika tu dada, hizo ni picha.* Mlinzi wa geti, aliyekuwa ameketi ukingoni mwa simu akichezesha miguu, aliisoma.

"Picha ni yeye na ukoo wake," alisema. "Ondoa."

Mwingine aliomba neno la siri la Fundi ili amrahisishie kazi.

"Huyo mpe na funguo za nyumba," alisema mpiga pasi, "umpikie na chai."

Iliendelea hivyo, kaptura zikishonwa, mashati yakinyooshwa, na rangi za watu wa kwenye droo zikipungua. Mpiga pasi alianza kumwambia apumzike, walimu wote wa humo ni wale wale. Fundi alisema atapumzika wakishaingia kwao.

Kisha akajibu mmoja aliyejiita Konokono. Mji wake ulikuwa mdogo, ukuta wake una viraka, na hakuwa na cheo chochote. Aliandika: *Wangu walinitoka msimu uliopita. Niliwaweka kwenye boksi la viatu. Usiwape sukari, wanagombana. Wako umewaweka wapi?*

*Kwenye droo ya vifungo,* aliandika Fundi.

*Ina hewa?*

Fundi aliinuka, akachukua msumari, akatoboa matundu nyuma ya droo. Aliporudi kwenye simu aliandika kwamba sasa inayo. Halafu akamwomba Konokono afungue geti la mji wake ili kikosi cha Fundi kiingie kikague. Hilo hakuna mwalimu aliyewahi kulikubali. Konokono alifungua. Wakulima wa Fundi walizunguka mtaa hadi mtaa na mikuki ya kuazima, wakahesabu maghala, wakachungulia jikoni, na hakuna aliyewazuia.

"Mwanamke au mwanamume?" mpiga pasi alitaka kujua.

"Sijamwuliza."

"Anaishi wapi?"

"Sijamwuliza. Amekata kitambaa chake."

Kilichompendeza Fundi zaidi ni kwamba Konokono alikuwa na neno ambalo Ngao hakuwa nalo. Ukimwuliza kama wapiga mishale wakae kilimani, alijibu: *Sijui. Tujaribu kwangu kwanza.* Wakajaribu kwake. Wakati mwingine mtaa uliungua. Konokono alizima moto, akaziba ukuta, akasema basi, hivyo sivyo. Kwa mwendo huo wa polepole Fundi alipata jeshi. Halikuwa kubwa, lakini kila askari alijua anachokifanya.

*Ngao haachi askari nyumbani, wala kwenye mji wako aliouunganisha na wake,* Konokono alimweleza msimu ulipokaribia mwisho. *Jeshi lake lote liko njiani kumfuata mwanafunzi mpya. Anategemea kengele. Mji ukivamiwa, kengele inalia kwenye simu yake, anaigusa, jeshi linarudi. Asipoigusa upesi, geti linafunguka lenyewe.*

*Huwa anachelewa?*

*Hajawahi. Tutamcheleweshaje, hilo sijui.*

Siku iliyofuata shemeji yake Fundi, mdogo wa marehemu mumewe, alikuja kupimwa suti. Alikuwa mtu msafi, mcheshi, mwenye kuulizia afya ya kila mtu mpaka paka. Alikuwa pia jirani yake. Mume alipofariki, Fundi alitaka kujenga uzio kuzunguka kiwanja walichoachiwa, na shemeji alimshauri asiingie gharama upande wa mashariki, ndugu wapo. Fundi alipokwenda kumwuguza mama yake na kurudi, alikuta ukuta wa tofali umepita katikati ya ua wake, na nyuma ya ukuta shemeji anapaka rangi madirisha. Vikao vya familia vilikaa. Vilisema tusameheane.

Fundi alipitisha futi kiunoni mwa shemeji. Ndani ya droo zilisikika pini zikiburutwa. Walikuwa wanaziba mlango kwa ndani. Mlinzi wa geti peke yake ndiye aliyetoka. Alisimama juu ya cherehani, akamtazama mteja kutoka viatuni hadi kichwani.

Shemeji naye alimwona. "Huyu wako, shemeji?"

"Wangu."

"Nilidhani wote walitoka upande wa kisimani." Akatabasamu. "Bado anatembea vizuri."

Fundi alisoma futi, akaandika kipimo. "Kumbe Ngao ni wewe."

"Mchezo tu ule, shemeji. Usiutie moyoni."

"Ungeniambia ni wewe."

"Ungenisikiliza? Ulikuwa mwanafunzi mzuri. Na nilikuambia kweli, upande wa mashariki nilikuwepo mimi."

"Na ukuta?"

"Ukuta upi?"

"Wa nyumbani."

Shemeji alishusha mikono, akairekebisha saa yake. "Ule si umeshajengwa? Tusirudi nyuma. Suti ya kujaribu itakuwa tayari Ijumaa?"

"Ijumaa," alisema Fundi. "Njoo baada ya chakula."

Alipokwisha kuondoka, Fundi alimwandikia Konokono saa ya Ijumaa. Konokono hakuuliza sababu. Aliandika: *Nitakuwepo lango la kaskazini.*

Suti ikiwa haijashonwa hujaribiwa kwa pini. Fundi hodari hutumia chache. Ijumaa ile Fundi alitumia kopo zima. Alimsimamisha shemeji juu ya stuli mbele ya kioo, akabana mabega, akabana makwapa, akabana mikono yote miwili kuanzia begani hadi kifundoni, ncha zikiangalia ndani, akabana kiuno na mapaja. Simu ya shemeji aliipokea kwa adabu na kuiweka kwenye meza ya pasi, ili isivute mfuko.

"Nyoosha mikono, shemeji. Kama unataka kuruka. Vizuri. Sasa usikunje popote."

Kisha akamtazama mlinzi wa geti, aliyekuwa amesimama kwenye simu ya Fundi, juu ya alama ya kushambulia. Mlinzi aliweka mkuki chini, akapandisha sketi kidogo, akaruka kwa miguu yote miwili.

Kengele ililia kwenye meza ya pasi.

"Simu yako, shemeji," alisema mpiga pasi, huku akinyoosha kola.

"Niletee."

"Nina mvuke mkononi."

"Basi nishushe."

"Ukipinda kiwiko zitaingia," alisema Fundi, na pini nyingine mbili midomoni. Alikuwa amepiga magoti anapima pindo. "Subiri kidogo. Nataka suruali ikukae."

Shemeji alijaribu kupinda kiwiko, akaacha. Kengele ililia hadi ilipochoka. Kwenye kioo aliweza kuona simu ya Fundi nyuma yake, na juu yake yule mlinzi akiruka kutoka alama hii kwenda ile: ngazi, gogo la kuvunjia geti, wapiga mishale kilimani. Upande wa kaskazini askari wenye viraka wa Konokono walikuwa wanaingia bila haraka. Geti lilifunguka.

Fundi aliivuta droo, taratibu. Watu walitoka na magodoro yao, wakapanga mstari kwenye ukingo wa meza, wakaingia kwenye tundu la chaja mmoja mmoja. Wengine walikuwa wamechujuka mpaka ilionekana kama magodoro yanatembea yenyewe. Walipoingia, kwenye kioo cha simu rangi zao zilirudi, kwanza wale waliofika kisimani. Mlinzi alikuwa wa mwisho.

"Hiyo droo," alisema, "ipake sabuni kavu kwenye reli zake. Itateleza."

Akaingia.

Konokono aliandika: *Hilo la leo sikukufundisha mimi.*

*Hapana,* alijibu Fundi. *Hilo la kwetu.*

Pini zilitolewa moja moja, kwa uangalifu. Shemeji alijitazama mbele na nyuma.

"Umenivizia, shemeji."

"Mchezo tu ule. Usiutie moyoni."

"Mimi sina neno. Cheo hakishuki, na tayari nina mwanafunzi mwingine." Alipapasa mabega. "Imenikaa vizuri. Umeniwezea hapa begani."

Akachukua simu yake, akashukuru, akamwuliza mpiga pasi hali ya paka, akaondoka.

Fundi alirudi nyumbani jua likiwa bado lipo, chini ya kwapa akiwa amebeba droo pamoja na kasha lake, maana alitaka kuipaka sabuni kama alivyoagizwa. Aliketi uani kwenye kigoda, akazipaka reli sabuni. Ua ulikuwa mdogo. Kamba ya nguo ilitosha shuka moja, ya pili ilibidi ikunjwe. Ukuta wa shemeji ulikuwa pale pale, haujarudi nyuma hata upana wa tofali.

Juu ya ukuta alianza kuona magodoro. Yalikuwa yanakuja yamepangana kutoka dirisha la shemeji, na chini ya kila godoro mtu wa mji wa Ngao, hawa wakiwa na rangi zao kamili, kwa sababu ndiyo kwanza wametoka. Shemeji hakuwa na droo ya kuwaweka, au alikuwa nayo na ina vitu vyake. Wa kwanza alifika usawa wa kigoda, akashusha godoro, akamwamkia Fundi kwa heshima na kumwuliza kama ndiye yule mwenye flana.

"Ndiye," alisema Fundi.

Akaweka ufagio uegemee ukuta, wapate pa kushukia, na akaifungua droo. Iliteleza vizuri.