Makorongo Wasio na Viza

Shangazi, kama kila mtu alivyomwita, alikuwa akigonga mihuri katika kituo cha mpakani tangu nywele zake zikiwa nyeusi tititi, na alidhani ameshaona kila aina ya msafiri. Asubuhi moja aliinua macho kumwita anayefuata, akakuta anayefuata ni korongo.

Mrefu, mweupe, ametulia tuli mbele ya kaunta. Nyuma yake walijipanga wenzake mpaka barabarani, wamechanganyika na abiria.

"Huyu kanikatia foleni!" mchuuzi wa mitumba alilalamika.

"Mwongo wewe," dereva wa lori akamtetea ndege. "Mimi nimemkuta hapa. Tusionee mtu."

Shangazi alijua kisa. Kila mwaka makorongo hao walikimbia baridi ya kaskazini, wakatua kwenye kinamasi nyuma ya kituo, wakala vyura, wakapumzika, kisha wakaendelea kusini. Mwaka huu Mkuu wa kituo alikuwa amekifukia kinamasi kwa kifusi ili gari lake jipya lipate pa kuegeshwa. Ndege wamefika hoi, wamekuta mawe. Wakaingia ofisini penye kivuli.

"Mkuu, hawa wamechoka tu," Shangazi alimweleza. "Hawana pa kutua."

"Wana viza?"

"Ni ndege, Mkuu."

"Sikukuuliza ni nini. Kama hawana, warudishwe walikotoka. Sheria ni msumeno."

Basi walinzi wakawabeba kwapani mmoja mmoja, wakawapakia kwenye lori la kituo, wakavuka nao daraja. Chai ya Shangazi haijapoa, lori likarudi limejaa vilevile. Kiti cha mbele alikaa shemeji yake, mdogo wa mumewe, afisa wa upande wa pili, amepakata korongo.

"Shemeji, hawa si wetu," alisema. "Kwetu walipita tu. Bosi anasema walikuwa wanakuja kwenu, kwa hiyo ni wenu."

"Mkuu naye kasema si wetu."

"Sasa ni wa nani?"

"Wa njiani."

"Hiyo njia iko upande gani?"

Lori likaenda, likarudi, likaenda tena. Kufikia mchana makorongo walishaizoea safari, wakawa wanapanda wenyewe, wakubwa wakitangulia.

Alasiri mmoja mdogo alishuka, akapiga hatua, akaanguka. Shangazi akamwokota. Ile shingo nyembamba ikamlalia mkononi, na mbavuni moyo ulikuwa unadunda kama cherehani. Mtoto wa watu, mbali na kwao, anatupwatupwa kama mpira kwa sababu ya gari!

"Shemeji, nishikie huyu."

Akavua viatu, akauburuta mpira wa zimamoto mpaka kwenye maegesho, akafungulia maji yote. Pale palikuwa bondeni. Maji hayakuwa na pa kwenda. Kifusi kikatota, tope likapanda, gari la Mkuu likadidimia taratibu mpaka milangoni. Makorongo wakaiacha foleni, wakatoka kwa madaha, wakaingia majini. Watatu wakapanda juu ya gari.

Mkuu akatoka mbio. "Gari langu! Nani kakuruhusu?"

"Hukuwataka ofisini, Mkuu. Wametoka."

Akavua viatu, akapandisha suruali, akaingia majini kuliokoa. Korongo mmoja akakiona kidole gumba cha mguu wake, akadhani chura. Mkuu alipiga ukelele uliosikika mpaka ng'ambo ya daraja.

Shangazi alipewa onyo kali na kuhamishiwa dirisha la mizigo, ambako hakuna wa kupiga naye soga. Lakini kila jioni alipita kumtazama yule mdogo akijifunza tena kusimama kwa mguu mmoja. Siku kundi lilipoondoka, naye alikuwamo, nyuma kabisa, akipiga mabawa kwa pupa.

Mkuu alisimama dirishani, kidole kimefungwa bandeji.

"Wakirudi kaskazini," aliuliza kwa sauti ya chini, "watapita hapahapa?"

"Hapahapa, Mkuu."

Akalitazama gari lake, viluwiluwi wakicheza kwenye taa. "Basi tusilivute," alisema. "Litawasumbua."