Namba Tasa

Kaka yangu ni mwalimu wa hesabu, na ana ugonjwa mmoja: anataka kila mtu azipende. Anaandika kitabu cha watu wa kawaida, wale ambao wakisikia hesabu wanatafuta mlango. Kila akimaliza sura anakuja kuijaribu kwetu. Mtu akipiga miayo, anarudi kuiandika upya.

Jumapili ile alikuja mchana, tukakaa sebuleni: mimi, mume wangu na mama mkwe. Mimi ni fundi cherehani, kwa hiyo akaniomba kopo langu la vifungo. Nikampa, ila akili yangu haikuwa pale. Asubuhi mume wangu alikuwa ameniahidi kwamba leo, leo hii, atamwambia mama yake ukweli. Hospitali tulipimwa wote wawili. Mimi sina tatizo, tatizo ni lake. Lakini miaka yote hii mama mkwe ananisema mimi kwa kukosa mtoto, na mimi nimefunga mdomo kumsitiri mwanawe. Nimechoka jamani! Hata cherehani yangu huwa naipumzisha.

"Mama, chukua vifungo kumi na viwili," kaka akasema. "Vipange mistari inayolingana."

Mama mkwe akapanga mistari mitatu ya vinne vinne. Akavuruga, akapanga miwili ya sita sita. Kaka akampa saba. Akapanga hivi, akapanga vile, kila mara kimoja kinabaki pembeni.

"Mwalimu, umeniibia kimoja!"

Tukacheka mpaka basi. "Sijaiba, mama. Saba ndivyo ilivyo. Haikubali, labda uipange mstari mmoja mrefu."

Akajaribu tano, akajaribu kumi na moja, nazo zikamgomea. Miwani imemshuka puani, anagombana na vifungo huku anacheka. Nami nikajisahau, nikawa namshangilia. Sijawahi kumpenda mama mkwe kama dakika zile.

"Sasa hizi jeuri zinaitwaje?" akauliza.

Kaka akafungua mdomo, akaniangalia, akaufunga. Jina nilikuwa nalijua tangu shule. Maneno yote yaliyopo, na watu wa hesabu wakaona walichague hilo!

"Zinaitwa... namba tasa," kaka akasema, kwa sauti ya mtu anayekiri wizi.

"Alaa," mama mkwe akasema. "Kumbe hata kwenye hesabu wapo."

Kaka akakurupuka. "Hapana mama, sikia! Utamu wenyewe uko hapa. Mbili nayo ni tasa, tatu pia, na kumi na mbili imetoka kwao: mbili mara mbili mara tatu. Namba nyingine kubwa zote ndivyo zinavyopatikana. Hizi ndizo mama zao!"

Mama mkwe akafikiri kweli, kidole juu ya kifungo. Alikuwa ameelewa, tena sawasawa.

"Basi waliozipa jina hilo wamekosea," akasema. "Hizo zinazaa. Tasa ni huyu wa kwetu."

Nikamgeukia mume wangu. Sasa, nikasema moyoni, sema sasa. Akakohoa, akajiweka sawa kwenye kiti.

"Shemeji," akamwambia kaka yangu, "kwenye kitabu ungetafuta neno lingine. Hilo litawaumiza watu."

Mungu wangu! Litawaumiza watu!

"La kitabuni liache," nikamwambia mume wangu. "Badilisha la humu ndani."

"Anasema nini mkeo?" mama mkwe akamuuliza.

Mume wangu akainuka, eti simu yake inaita nje. Simu ilikuwa pale mezani, katikati ya vifungo, kimya, na sote tunaiona. Akatoka hivyo hivyo. Kaka akaanza kukusanya karatasi zake, nikamwambia akae. Kisha nikavuta kiti karibu na mama mkwe, nikamweleza mimi.